Mtoto Wenu

Neno lililomponza Namkunda halikuwa tusi, wala halikuwa uongo. Lilikuwa neno la adabu. Mama mwenzangu, hata wewe umelisema, pengine juzi tu ulipompeleka mtoto kwa mwalimu: "Huyu ni mtoto wenu." Basi sikiliza neno hilo lilivyotembea, maana lilitoka Upare likafika Andes.

Siku hiyo kijiji chote cha Ikongwe kilikuwa kwenye ndiva. Ndiva ni bwawa la udongo ambalo Wapare hulijenga mlimani likinge maji ya kijito, kisha lifunguliwe asubuhi, maji yashuke mfereji kwa mfereji hadi kwenye tangawizi na maharage. Dunia ilikuwa imeshakwenda mbali. Magari yaliruka, na shamba lilimwambia mwenyewe kwamba lina kiu. Lakini tope la ndiva lilikuwa bado linazolewa kwa jembe na karai, kwa msaragambo, kazi ya pamoja ya kijiji kizima. Gunda, ile pembe ya kuitana, likilia, kila nyumba inatoa mtu. Asiyekuja hasemwi. Anatazamwa tu, na kutazamwa huko ni kubaya kuliko kusemwa.

Mpiga gunda alikuwa Mbonea, mwanamume mwenye mashavu kama ya chura na mdomo usio na breki.

"Shemeji," alimwambia Namkunda, "kitenge kipya kwenye tope? Umekuja kuzoa au umekuja kuolewa?"

"Nimekuja kusifiwa," Namkunda akajibu bila haya. "Leo wageni wanakuja kwa ajili ya mwanangu. Wewe, kuna mgeni aliyewahi kupanda mlima huu kwa ajili yako?"

"Wapo! Wale wa mahakama!" mtu akapaza sauti kutoka kwenye tope, na watu wakaangua kicheko, maana Mpare na kesi ni ulimi na mate. Yuko radhi auze ng'ombe ili ashinde kesi ya kuku.

Namkunda alikuwa na haki ya kujivuna. Binti yake Nangasu, mwenye miaka kumi na saba, ndiye aliyekuwa Msikiaji wa Tao la Mashariki, ile safu ya milima mikongwe inayoanzia Taita kule Kenya, ikapita Upare na Usambara, ikazunguka hadi Uluguru na Udzungwa. Chini ya safu hiyo ulizikwa uzi mwembamba kuliko unywele, kama zilivyozikwa nyuzi chini ya kila safu ya dunia: Himalaya, Andes, Alpi, Atlas, Rocky, Urali, Drakensberg. Namkunda alizijua zote. Aliishia darasa la saba, lakini mwalimu wake wa jiografia aliwaimbisha majina hayo wakifagia uwanja, na hadi leo hawezi kushika ufagio asianze na Himalaya.

Nyuzi hizo zilisikia kila kitu, na hapo ndipo ziliposhindwa. Mlima haunyamazi. Jua likiupiga unalalamika, ukipoa unalalamika, mvua ikinyesha unakunywa kwa sauti. Mashine zilipiga king'ora kila siku hadi watu wakakizoea, na siku mlima ulipoporomoka kweli walikuwa wamekaa wanakunywa chai. Ikaonekana anahitajika mtu aliyezaliwa mlimani, awezaye kutofautisha mlima unaojinyoosha na mlima unaoteleza, kama mama anavyotofautisha kilio cha njaa na kilio cha homa. Mtu huyo akabandikwa ushanga nyuma ya sikio, uzi ukaongea naye.

Nangasu alivishwa ushanga akiwa na miaka kumi na minne. Mwaka wa pili akasema mteremko wa Kwa Nakombo utashuka kabla ya adhuhuri. Watu wakahama na mbuzi wao, na saa tano na nusu mteremko ukashuka na nyumba kumi na tisa tupu. Tupu! Namkunda alilisema neno hilo kila mahali, kanisani, sokoni, msibani. "Nyumba kumi na tisa, na hata kuku hakufa."

Ambalo hakulisema ni lile la pili. Mlima husema polepole. Neno lake moja laweza kuchukua asubuhi nzima. Anayejifunza kulisikia anaanza kusahau sauti za haraka. Nangasu alianza kupoteza nyenje. Kisha ndege. Kisha vicheko vya watoto. Sasa mama yake akitaka kuongea naye ilimbidi ashushe sauti hadi kifuani na kuyavuta maneno, kama dume la ng'ombe linalosali. Na bado Namkunda alivaa kitenge kipya.

Wageni wakafika. Aliyewaongoza alikuwa Injinia Tulinave wa Shirika la Masikio, mwanamke mrefu mwenye koti la buluu, na mkononi alishika chombo cheupe kama kopo la maziwa. Chombo hicho kiliitwa Karani. Kilisikia kila neno na kuona kila ishara ya kila mtu, na hakikusahau.

Tulinave akasimama kwenye ukingo wa ndiva, akawasalimu wazee shikamoo, akamsifu Nangasu hadi basi. Alisema kati ya wasikiaji wote duniani hakuna mwenye sikio kama lake. Watu sitini na wawili walisimama kwenye tope wakipiga makofi ya matope. Moyo wa Namkunda ukavimba kama mkate kwenye chachu. Akataka kujibu kama mtu aliyelelewa. Akafungua mikono kuelekea kwa wageni, akaizungusha hadi kwa kijiji chote, akasema kwa sauti:

"Mimi nilimzaa tu. Huyu ni mtoto wenu."

"Kauli imepokelewa," Karani akasema polepole, kwa Kiswahili kilichonyooka kama rula.

Watu wakapiga makofi tena.

*

Kesho yake asubuhi Tulinave alikuja nyumbani peke yake. Namkunda alikuwa jikoni, sufuria ya makande ikitokota. Injinia alikataa kiti cha wageni, akakaa kwenye kigoda.

"Mama Nangasu, Msikiaji wa Andes amefariki wiki iliyopita. Alikuwa mtu mzima, alilala hakuamka. Safu yote haina sikio."

"Poleni sana. Andes," Namkunda akasema, na ule wimbo wa ufagio ukamjia. "Safu ndefu kuliko zote za nchi kavu. Kilomita elfu saba, nchi saba."

"Nchi saba. Na mvua zao zinaanza. Kuna mabonde kule yenye watu kama siafu." Tulinave akasogeza kigoda karibu. "Nangasu ataunganishwa na uzi wa Andes Ijumaa saa sita mchana. Nilitaka nije nikushukuru mwenyewe kwa kumtoa."

Mwiko ukasimama ndani ya makande.

"Kumtoa wapi? Nani kamtoa?"

Tulinave akamtazama, na hapo akaelewa kwamba mama huyu hakuelewa. Akamweka Karani juu ya meza. Karani akarudia kwa sauti ya Namkunda mwenyewe, na majivuno yake yote ndani: Mimi nilimzaa tu. Huyu ni mtoto wenu. Kisha kwa sauti yake: "Mzazi wa mtoto asiyetimiza miaka kumi na minane amekabidhi ulezi mbele ya mashahidi."

"Lile ni neno la heshima!" Namkunda akapiga kelele. "Hata nikikukaribisha nasema nyumba ni yako! Utaiuza nyumba yangu?"

"Mimi nalijua, mama. Kwetu Makete pia tunasema hivyo. Lakini Karani alitengenezwa na watu ambao wakisema mtoto ni wenu, wamemtoa."

"Na akiunganishwa Andes?" Namkunda alijua jibu, lakini alitaka lisemwe na mwenye koti la buluu.

"Sauti za watu zitaondoka zote. Atabaki na vitu vizito. Radi. Ngoma kubwa, labda."

"Sauti yangu?"

Tulinave akatazama moto. "Unaweza kuifuta kauli kabla ya Ijumaa saa sita. Kwa mdomo uleule. Ukiifuta, hakuna wa kunilaumu mimi wala kukulaumu wewe. Ila Andes itabaki bila sikio mvua zote hizi."

Alipoondoka makande yalikuwa yameungua chini. Namkunda akayapakua hayohayo kwenye hotipoti, akaanza kupanda kwenda kwa mwanawe.

*

Kibanda cha kusikilizia kilikuwa juu, ukingoni mwa msitu wa Shengena. Asubuhi zisizo na ukungu Kilimanjaro huonekana kutoka pale, nyeupe kidogo tu kileleni, si kama ilivyokuwa kwenye picha za zamani. Nangasu alikuwa amekaa mlangoni, miguu peku ardhini, macho yamefumbwa. Hakumsikia mama yake akija, ila udongo ulimwambia.

"Una hasira," Nangasu akasema. "Kisigino chako cha kulia kinagonga."

Namkunda akakaa, akashusha sauti hadi kifuani. "Ku-la."

Binti akala, akakunja uso. "Yameungua."

"Ndi-yo."

Wakacheka. Kicheko cha Nangasu kilikuwa kilekile cha utotoni, chembamba, kinapanda juu kama filimbi. Yeye mwenyewe alikuwa hakisikii tena. Namkunda alikunywa kila tone lake.

Kisha akamweleza, neno kwa neno, taratibu, kama anayemlisha mgonjwa. Alitegemea mtoto alie. Nangasu akafuta vidole kwenye nyasi.

"Mama, mimi Andes naisikia tayari."

"U-na-se-ma-je?"

"Nyuzi zinavujishana. Mlima ukiwa mkubwa, sauti yake inapita chini ya bahari inakuja mpaka huku. Himalaya inasukuma, bado inakua, inagugumia kama mtu anayenyanyua gunia. Urali ni kizee, kinakohoa mara moja kwa mwezi. Andes inapiga hatua." Akafumba macho. "Na chini ya Andes kuna mtu anasaga. Kila asubuhi ya kwao. Jiwe juu ya jiwe, taratibu, linasimama, linaendelea. Nadhani ni mwanamke, maana linasimama kama anayegeuka kumwangalia mtoto. Juu ya nyumba yake kuna mteremko sijaupenda."

Namkunda alitaka kuziba masikio yake mwenyewe. Angeweza kumkataa injinia, na Karani, na nchi zote saba, kwa sababu hazikuwa na sura. Lakini mwanamke anayesaga akimwangalia mtoto? Huyo alikuwa na sura. Alikuwa na sura ya Namkunda.

"Na we-we u-na-ta-ka ni-ni?"

Nangasu akafumbua macho, akamtazama. "Ndiyo mara ya kwanza kuulizwa," akasema. "Mlimuuliza mlima, mkaulizana wenyewe kwa wenyewe. Mimi nataka yule mwanamke asage kesho. Na nataka nikusikie ukisema makande hayajaungua wakati yameungua. Nataka vyote viwili, mama. Sijui kama kuna mlima unaotoa vyote viwili."

Namkunda akatazama mbele, Kilimanjaro ikiwa imejitenga kule ng'ambo, na akakumbuka walivyokuwa wakiwatania Wachaga utotoni. Mlima wenu mrefu, ndiyo, lakini ni mlima wa moto uliosimama peke yake. Hauna ukoo. Sisi ni safu.

Akasimama ghafla hadi hotipoti likabingirika.

*

Ijumaa saa nne asubuhi gunda lililia Ikongwe. Mbonea alipuliza mpaka mishipa ya shingo ikasimama. Haikuwa siku ya msaragambo, na watu walikuja wakiuliza ndiva imepasuka wapi. Walimkuta Namkunda amesimama ukingoni na kitenge chake cha matope, Nangasu kando yake, na Tulinave na Karani mbele yao.

"Nimekuja kufuta?" Namkunda akasema. "Sifuti. Mpare hafuti neno, analifungulia kesi."

"Sasa huyo ndiye shemeji yangu!" Mbonea akasema.

"Nyamaza, Mbonea, mahakama imekaa. Karani! Nilisema huyu ni mtoto wa nani?"

"Ulisema: mtoto wenu."

"Wenu ni mmoja au wengi?"

"Wengi."

"Nilisema hivyo nikiwaonyesha akina nani?"

Karani akaangalia kumbukumbu ya mikono ya Namkunda ilivyozunguka. "Ulianza kwa wageni. Ukamalizia kwa watu waliokuwa ndani ya bwawa. Watu sitini na wawili."

"Kwa hiyo mtoto huyu ana walezi wangapi?"

Karani akahesabu. "Sitini na wawili," akasema, "na juu yao Injinia Tulinave na wageni wenzake waliokuwa wamesimama mbele yao. Na wewe mwenyewe, mama mzazi."

Minong'ono ikapita kwenye umati. Tulinave alikuwa ameshika mdomo wake.

"Injinia, sheria yenu inasemaje, mzigo ukimzidi mtoto?"

"Mlezi anaruhusiwa kumpokea sehemu," Tulinave akajibu polepole, kama anayesoma maandishi yaliyokuwa ukutani siku zote. "Uzi wa Andes unaweza kugawanywa hata vipande mia. Lakini, mama, tumetafuta wasikiaji dunia nzima. Kila tuliyemwendea alikataa. Nani anataka kupoteza sauti?"

"Mliwaendea mmoja mmoja," Namkunda akasema. "Hamjawahi kupiga gunda."

Akawageukia wenzake, maana kesi ameshinda lakini ombi bado.

"Ndugu zangu, sitawadanganya. Kila mtu atapoteza kitu. Kidogo, lakini hakirudi. Mmoja atapoteza nyenje, mwingine mluzi wa birika la chai. Mimi nilijivuna na huyu mtoto wakati anapoteza ndege, sikupiga gunda. Nilidhani nimezaa Kilimanjaro. Leo nawaambia, mtoto akisimama peke yake hivyo, anapoa juu mpaka kila mtu anamwona na hakuna anayemfikia. Kuna mwanamke huko Andes anasaga chini ya mteremko mbaya. Tope lake ni hili hili. Anayekataa, sitamsema."

"Utamtazama," Mbonea akasema.

"Nitamtazama."

Mbonea akamkabidhi jirani gunda lake, akavua kofia na kuinamisha kichwa mbele ya injinia. "Nibandike. Ila nipe kipande kisicho na kelele, mke wangu peke yake ananitosha."

Wakacheka, na kicheko kiliwasogeza. Wakapanga foleni kama ya karai, mmoja mmoja, wakulima wa tangawizi, mwalimu wa shule, fundi wa magari yanayoruka. Si wote, tisa walirudi nyumbani wakiangalia chini. Saa sita kasoro robo Tulinave akavua koti la buluu, akajibandika ushanga wa kwake.

Nangasu hakuwekewa Andes. Kazi yake ilikuwa nyingine: yeyote akisikia kitu asichokielewa, anashika mkono wake, na yeye anasikiliza hicho kimoja tu, anasema kama ni mlima unaojinyoosha au unaoteleza.

"Kwa hiyo mimi sibebi," alimwambia mama yake. "Mimi napiga gunda."

*

Siku ya kumi na moja ya mvua za Andes, mzee mmoja aliyekuwa akipalilia maharage alitupa jembe, akakimbia kilima kizima kumshika Nangasu mkono. Nangasu akasikiliza, akasema neno moja: "Unateleza." Tulinave akapeleka habari. Kule ng'ambo bonde zima likahama kabla ya jioni yao, na ule mteremko wa yule mwanamke anayesaga ukashuka juu ya nyumba tupu.

Ikongwe walijivuna, wacha nikuambie. Wanajivuna mpaka leo. Ukipita, kila mtu atakuambia kipande chake: mimi nina Ekuador kaskazini, mimi nina ule upande wa Chile, na huyu Mbonea ana ziwa la juu kuliko yote na halinyamazi hata kidogo. Watu wasiowahi kuvuka mto Ruvu wanagombana kuhusu Peru.

Namkunda alikuwa ameomba kipande cha yule mwanamke, naye alipewa. Alasiri ya tatu baada ya mteremko kushuka, kule Andes ikiwa ndiyo asubuhi, Namkunda akiwa anafagia uwanja akamsikia kwa mara ya kwanza akisaga mahali papya alikohamia: jiwe juu ya jiwe, taratibu. Likasimama. Akasimama na ufagio hewani. Kisha likaendelea.

Akacheka kwa furaha, akamwita Nangasu kwa ile sauti ya kifuani, ya dume la ng'ombe, maana hiyo binti alikuwa bado anaisikia. Nangasu akatoka, akamwangalia mama yake alivyosimama kama sanamu na ufagio, akafungua kinywa.

Namkunda akaona mabega yanatikisika. Akaona meno, akaona machozi ya kicheko. Hakusikia kitu. Kile kicheko chembamba, kinachopanda kama filimbi, ndicho kilichokuwa bei ya kipande chake.

Nangasu akaelewa. Akauchukua mkono wa mama yake, akauweka kifuani pake, akaendelea kucheka, ili mama ausikie mlima wake mwenyewe ukitikisika.

Siku hizi wageni wakija Ikongwe na kumsifu binti, Namkunda huwakaribisha vizuri, huwapakulia makande, huwasikiliza hadi mwisho. Kisha, kabla hajajibu, hutazama kwanza kama kuna chombo mezani.

"Ahsanteni," husema. "Huyu ni mtoto wangu. Mkitaka kumsaidia kubeba, karibuni foleni."